Kano Hii na Kano Hili

...na si kwamba hakulisikia neno, amelisikia vizuri sana, daktari amelitamka kwa sauti ya mtu anayeomba apitishiwe chumvi, "Nitakuongezea sindano ya kano, dada, ndogo tu," kisha akamgeukia muuguzi, na muuguzi akaligeukia kabati la vioo, na yeye kalazwa pale kwenye kiti kilichoinamishwa mpaka damu inamrudia kichwani, taa usoni, karatasi ya kijani kifuani imebanwa kwa vibanio viwili kama nguo iliyoanikwa, nusu ya mdomo haipo, nusu ya ulimi imelala fofofo, na badala ya kuiogopa sindano kama binadamu wengine yeye anaona maandishi, kano, nomino, ngeli ya i-zi, utepe mgumu wa nyuzi unao... unaounganisha, unaoshikilia, siku ile kwenye kamati walibishania hilo asubuhi nzima, chai ikapoa, mwenyekiti akalala macho wazi... neno ni lake, hilo ndilo la kuchekesha, ni yeye aliyelipigania liingie kwenye kamusi ya tiba, wenzake walitaka "sindano ya mshipa wa jino", akawaambia jamani, mshipa kwetu ni kila kitu, kinachopitisha damu ni mshipa, kinachopeleka maumivu ubongoni ni mshipa, kinachokukaza mguu ukiwa usingizini ni mshipa, na ule wa wanaume usiotajwa mbele ya wakwe nao ni mshipa, mgonjwa akiambiwa anachomwa mshipa atauliza upi, na atakuwa na haki ya kuuliza, wakacheka, wakampa kano yake, na kule ofisini jina la Bi Kamusi likazidi kumganda, ila hakuwahi kufikiri kwamba neno lingetoka kwenye karatasi, lipande ngazi, livae glavu, lije kumtafuta yeye mwenyewe.

Sindano ya kano: sindano ya ganzi inayopenyezwa katika mwanya mwembamba kati ya jino na mfupa, palipo na kano inayolishikilia jino, hulenga jino moja, hutumika hasa pale sindano ya taya iliposhindwa... "iliposhindwa" ni lake pia, aliliandika kwa raha zake bila kujua kushindwa kwenyewe kukoje, kumbe ndiko huku, umechomwa huko nyuma ya taya, kidevu kimekufa ganzi, mdomo umekufa ganzi, unaweza kujitafuna ulimi na usijue, lakini jino lenyewe, lile lililokuleta, liko macho, linakusubiri, daktari kaligusa kidogo tu na yeye kanyanyuka kitini nusu shubiri, "Pole, dada, jino likivimba ndani ganzi hugoma," na kutoka kwenye kona, kwenye kile kiti cha plastiki cha wasindikizaji, wifi yake akaguna, "Jikaze, wifi, mtu mzima hovyo, si ungemeza tu zile tembe tangu wiki iliyopita," na sasa anamweleza muuguzi, muuguzi ambaye amempa mgongo na anapekua droo, "Tembe anazo, dada yangu, nimezinunua mimi kwa mikono yangu, kazifunga kwenye tishu kazitia mkobani kama anazipeleka makumbusho, usiku anagugumia mpaka kaka yangu anahamia sebuleni, wasomi wana mambo," na muuguzi anacheka kicheko cha kazini, kile kisichochukua upande... tembe, ndiyo, zimo mkobani bado, na mkoba uko miguuni kwa wifi, na wifi si mtu wa kukaa karibu na mkoba asijue kilichomo, na tembe hazikumezwa kwa sababu yake, na picha ya eksirei ya jino, aliyoitaka daktari, haikupigwa kwa sababu hiyo hiyo, "Ya mwaka jana ipo, daktari, si inatosha?" alisema hivyo huku akitabasamu, mdomo ukiwa bado wake wote, na daktari akaitazama ile ya mwaka jana, akasema haya, tujaribu.

Kwa hiyo matendo yake yote yamesema ndiyo, ni mdomo tu uliosema hapana. Ilikuwa dakika chache tu zilizopita, kabla ya sindano ya kwanza, daktari akiuliza huku akivaa glavu, una presha, hapana, una sukari, hapana, kuna dawa yoyote inayokudhuru, hapana, una ujauzito au unahisi unaweza kuwa nao, hapana, hiyo ya mwisho ilitoka kwa mwendo wa zile nyingine, kama gari lililokwisha kushika mteremko, au ndivyo anavyopenda kuamini, kwa sababu kulikuwa na nafasi hapo katikati, ndogo, ya pumzi moja, na katika pumzi hiyo alimwona wifi kwenye kona akiinua kichwa kutoka kwenye simu yake... ujauzito, hata hawasemi mimba, watu wakishasoma huliogopa neno mimba, hulivalisha koti na tai, mjamzito, mja mzito, kiumbe aliyelemewa, na kuna himila, ambayo sasa wanaitumia washairi tu, vyote hivyo anavijua, ameviandika vikapangwa, na Jumatatu asubuhi, chooni, mlango umefungwa kwa komeo, mume wake akipiga mluzi jikoni, alipoviona vile vistari viwili hakupata hata neno moja, alikifunga kile kijiti cha kipimo kwenye gazeti, gazeti kwenye mfuko, mfuko kwenye pipa la ofisini, si la nyumbani, akaenda kazini akasahihisha herufi K.

"Siyo hiyo," daktari anasema, "ile fupi, ya sindano ya kano," na muuguzi anarudi tena kabatini, na yeye anahesabu mapanga ya feni iliyo darini, anaacha... asihesabu, akihesabu atarudi kwenye wiki, na wiki ndizo zilizomdanganya mara ya kwanza, mara ya kwanza walikuwa mezani, mume wake hakuweza kuficha, uso wote ulikuwa umekwisha kusema kabla ya kijiko kufika mdomoni, na kesho yake wifi alikuja na soksi, za manjano, kazifuma usiku mmoja, kila moja inaingia kidole gumba, na keshokutwa mtaa mzima ulikuwa unampisha njia kama amebeba mayai, halafu ikaja ile siku ya ofisini, korido ndefu, sketi ya kijivu, mwenyekiti akimwambia vipi Bi Kamusi mbona umeshika ukuta... halafu pole, pole nyingi, pole za mlangoni na pole za simu na pole za watu walioinamisha kichwa upande mmoja, "utapata mwingine," kama amepitwa na basi, na mara ya pili alijifanya mjanja, alimwambia wifi peke yake, kwa siri, na wifi aliitunza siri kwa watu wachache sana, wale tu anaowaamini, yaani wote, na ilipoondoka ya pili ilibidi apokee zile zile pole kutoka kwa wale wale, safari hii na macho yakimshuka mpaka tumboni na kupanda tena haraka, na akaapa, si kwa Mungu, kwa nafsi yake, kwamba ya tatu hataijua mtu mpaka ijitokeze yenyewe, kama neno, neno halipewi nafasi kwenye kamusi mpaka lionekane limetumika, limekaa vinywani mwa watu, haliwezi kukanwa, ndiyo kanuni, na kanuni nzuri, imemsaidia kuwafukuza wabunifu wengi.

"Daktari," wifi anasema, "nisamehe kwa ujinga wangu, hiyo kano ni kitu gani?" na daktari, ambaye hana haraka, sauti yake daima ni ya kuomba chumvi, "Ni kamba ndogo ndogo, mama, zimelishika jino lisicheze ndani ya mfupa, tunapenyeza dawa humo humo," "Aa," wifi anasema, "mimi nilijua kano ni la mtu aliyekana, hajaiba, hajala, hajaona, shahidi wake Mungu," na muuguzi anacheka, safari hii kicheko cha kweli, hata daktari mabega yanamtikisika, na yeye pale kitini anataka kucheka na nusu ya uso inakataa, inabaki imening'inia, na upande ulio hai unapata baridi... kwa nini aseme hivyo, wifi hasemi kitu bure, au husema vyote bure, hilo ndilo ambalo miaka yote ya kuolewa hajaweza kulijua, kwa sababu ni kweli, zipo mbili, zinakaa ukurasa mmoja, kano ya kwanza na kano la pili, kano hii, kano hili, tofauti ni kiambishi tu, na kwenye kamati kulikuwa na bwana mmoja, walimwita Bwana Ngeli, aliyeinua kidole, "Mheshimiwa, mgonjwa akisikia sindano ya kano atajuaje ni ya ngeli gani?" na yeye akamjibu, akiwa amechoka, akiwa na njaa, "Mgonjwa aliyeachama mdomo hana habari na ngeli, bwana," na wakapitisha, na sasa ndiye huyu, kaachama, na hana habari na kitu kingine chochote duniani isipokuwa ngeli.

Ila dawa imekwisha kuingia. Ile ya kwanza, ya taya, imeingia yote, aliisikia ikisukumwa, polepole, na sasa iko wapi, inakwenda wapi, damu haina ukuta, na huko chini kuna kondo, kondo la nyuma, li-ya, pande la nyama linalomlisha mtoto tumboni, anajua wingi wake, anajua linavyoandikwa, hajui kinachopita humo na kisichopita, hilo halikuwa kazi ya kamati, labda dawa haina neno hata kidogo, labda ni ile ile wanayowapa wajawazito wote, labda daktari angempa kidogo zaidi, labda angemwambia tu asante kwa kunieleza, yote hayo yanawezekana na hakuna hata moja analoweza kulijua, kwa sababu mtu pekee katika chumba hiki anayejua dawa ananyimwa habari na mtu pekee mwenye habari, ni upuuzi ulioje, mwanamke aliyesoma miaka yote hiyo, anayekasirika watu wakiandika "swala" wakimaanisha "suala", anamficha daktari kwa kumwogopa wifi, na hata si wifi, wifi wa watu na soksi zake, anaogopa zile pole, anaogopa kumpa mtu mwingine nafasi ya kuinamisha kichwa upande mmoja... na wale wawili, hilo ndilo linalomjia sasa, linakuja bila kubisha hodi, wale wawili aliwatangaza, walikuwa na meza na soksi na mtaa mzima, walikaa muda mfupi lakini walikaa mahali ambapo walijulikana, baba yao alipolia alikuwa na wa kumlilia, na huyu wa sasa ni yeye tu anayemjua duniani, yeye tu, na alipoulizwa kama yupo akasema hayupo, mbele ya mashahidi, na kama na huyu ataondoka, na anaweza kuondoka, hakuna kunyamaza kulikowahi kumzuia mtu kuondoka, alinyamaza wiki ngapi ile mara ya pili kabla ya kumwambia wifi na kulisaidia nini, basi ataondoka akiwa amekanwa, ataondoka na hilo tu, hapana moja iliyosemwa haraka kwa mtu anayevaa glavu.

"Ndiyo hii," daktari anasema, na sindano imefika, fupi kweli, nyembamba, inang'aa chini ya taa, na kidole cha glavu kimegusa kidevu ambacho si chake, "Haya, dada, fungua," na hafungui, "Unaogopa?" na anaitikia kwa kichwa, anaogopa, ndiyo, jibu la kwanza la kweli alilotoa tangu aingie humu, na halikumuua, "Ni kubanwa tu, utahisi kubanwa," na anatikisa kichwa, si hiyo, anaukusanya ulimi, upande ulio macho unauburuta ule uliolala, mate yanamtoka pembeni na hajui, "Lile thwali," anasema, na inatoka thwali, yeye, Bi Kamusi, thwali, "lile la mwisho ulilouliza," daktari anainama karibu, sindano bado iko hewani, taa bado iko usoni, karatasi ya kijani inapanda na kushuka, "la mwisho, jibu ni ndiyo," na daktari anamtazama, hashtuki, hainamishi kichwa, macho tu juu ya barakoa yanafikiri, "Ya muda gani?" "Changa," anasema, "bado changa sana," neno jepesi kuliko alivyodhani, hata ulimi mbovu unalimudu, na daktari anasema vizuri nimejua, ile ya kwanza isikutie wasiwasi, hii ngoja niangalie kiasi, na yeye hasikilizi sawasawa, anasikiliza kona, kiti cha plastiki kimelia, kifungo cha mkoba kimefyatuka, sasa hivi, sasa hivi itakuja sauti ya wifi, amejiandaa, na ikija atasema ndiyo mara ya pili, na ya tatu, kwa sauti kubwa kuliko hii.

"Mimi sijasikia kitu," wifi anasema, akiutazama ukuta. "Endeleeni na kazi yenu."