Maji ya Saa Moja

Saa moja jioni ikikaribia, Nzembi alikuwa ameshaketi nyuma ya meza ya habari. Juu alivaa koti jeusi na mkufu wa shanga, chini alijifunga leso na kuvaa ndara, kwa sababu mtazamaji wa kituo cha televisheni cha Mua hakuwahi kuonyeshwa miguu ya mtu. Poda alijipaka mwenyewe. Dada aliyekuwa akiwapaka watangazaji aliacha kazi zamani, na wakubwa wakasema mwingine anatafutwa. Wanamtafuta hadi leo. Henry, mhariri wa habari, aliingia na makaratasi, akayagongagonga mezani ili yakae sawa, akampa.

"Maji iko ukurasa wa pili," alisema.

"Bado ni ile ile?"

"Ni ile ile. Nimebadilisha tu mwaka hapo juu."

Habari yenyewe ilikuwa sentensi moja. Serikali inawahakikishia wakazi wa vijiji vilivyo nyuma ya Kithimani, kule mfereji usikofika, kwamba mradi wao wa maji utakamilika hivi karibuni. Nzembi aliisoma mara ya kwanza mwaka wa 1994, akiwa bado msichana mwembamba mwenye sauti iliyowafanya watu wa hoteli za Machakos mjini waache kutafuna. Jioni hiyo hiyo, huko kijijini, maji yalianza kutoka chini ya kioo cha televisheni ya Abshir, mfanyabiashara wa mbuzi aliyekuwa na duka kando ya barabara ya kwenda Garissa. Yalitoka mradi ulipotajwa, yakakatika Nzembi alipoingia bei ya maharagwe. Abshir aliondoa gunia la sukari lisilowe, akaweka sufuria. Kesho yake waliokuja dukani kutazama habari walikuja na mitungi.

Baada ya hapo watu wa vijiji vile walinunua televisheni kama wengine wanavyonunua matangi. Umeme haukuwako, kwa hiyo walitumia betri za gari, na punda waliokuwa wakibeba maji kutoka mtoni sasa walibeba betri kwenda kuchajiwa sokoni. Televisheni isiyo ya rangi ilitoa maji yenye ukungu kidogo, ya kufulia na ya mifugo. Ya rangi ilitoa maji ya kunywa. Antena ikiwa imepinda, maji yalikuja kwa kukatakata, na ilibidi mtu apande juu ya bati aizungushe huku wenzake wakimpigia kelele kutoka ndani. Huko Machakos mjini habari ile haikutoa hata tone. Ahadi haikuwa yao.

Mama yake Nzembi, Katunge, aliishi katika kimoja cha vijiji hivyo. Nzembi alipokwenda kumsalimia mwisho wa mwezi, mama alimkaribisha, akampa isyo, mahindi na maharagwe ya kuchemsha, kisha akamwambia lililokuwa moyoni.

"Unasoma mbio sana, mwiitu wakwa, binti yangu. Mtungi ya pili haijai."

Basi Nzembi akajifunza kusoma polepole. Henry naye akaisaidia sentensi, akaitia wazee, kina mama, vijana, wakulima na wafugaji, mpaka ikawa ndefu kiasi cha kujaza pipa. Watu wa mjini hawakujua. Walisema mtangazaji yule ana utulivu, ana heshima na lugha. Waliokuwa wakisomea utangazaji walimwiga, na mwaka mmoja ofisi ya maji ilimpa kikombe cha msomaji bora. Alikiweka juu ya kabati kwake, penye mitungi yake mwenyewe, kwa maana mtaani kwake bomba lilitoa maji Jumatano tu.

Yale maji ya Kithimani hakuwahi kuyaona yakitoka. Saa yalipotoka yeye alikuwa studio akisoma.

Alichowahi kuona ni mabomba. Alikwenda harusini upande wa Konza, gari likapita kando ya shamba la mkubwa wa ofisi ya maji, na mabomba yakawa yanaingia chini ya ua, yameandikwa kwa rangi nyeupe jina la mradi wa Kithimani. Hakuna aliyejisumbua kulifuta. Ndani, nyasi zilikuwa zinamwagiliwa mchana kutwa na ng'ombe wamenenepa wanang'aa. Nzembi alikula pilau ya harusi bila kuonja ladha yake. Siku iliyofuata alirudi mezani akasoma kwamba mradi utakamilika hivi karibuni, akaona haya. Aliona haya kila jioni kwa miaka. Haya nayo huchosha, na uchovu wake si wa kulala ukaisha.

Serikali ilipobadilika, watu wakasema sasa mdomo umefunguliwa. Siku moja Henry alifunga mlango wa ofisi.

"Nimeandika ile ya ukweli. Bomba, shamba, jina, kila kitu. Ukitaka, soma. Hautaki, mimi sitakulaumu."

Nzembi alikwenda kwanza kumwambia mama yake. Katunge alikuwa akipepeta mbaazi, na hakuacha kupepeta.

"Hiyo ukweli tunajua," alisema. "Hizo bomba zilipita hapa juu ya lori, tukipiga makofi. Sisi hatukosi ukweli. Tunakosa maji."

"Mwaitu, mama yangu, nimechoka kudanganya watu."

"Najua umechoka. Hata mimi nilichoka kwenda mto. Nilikuwa naenda tu."

Nzembi alirudi Machakos bila kuagwa vizuri. Kwa wiki nzima alisoma ile ya zamani. Halafu jioni moja, bila kumwambia mtu, aliweka karatasi ya Henry juu ya nyingine akaisoma yote, mabomba, shamba la Konza na jina la mwenye shamba. Aliisoma mbio, kama enzi za usichana wake. Alipotoka studio alijiona mwepesi. Alinunua hindi la kuchoma langoni, akalila akitembea, na tangu harusi ile hakuwa amekula kitu kikawa kitamu namna hiyo.

Jioni hiyo televisheni za nyuma ya Kithimani zilikuwa kavu. Katunge alikaa mbele ya yake na mitungi miwili, akasikiliza habari mpaka mwisho, akangoja hali ya hewa, akangoja na matangazo ya sabuni. Kisha akaifunika televisheni kwa kitambaa chake, akaenda kuangalia kama punda ana kwato nzuri. Yule mkubwa wa maji naye alitazama habari akiwa nyumbani kwake. Baada ya muda mfupi alihamishiwa ofisi kubwa zaidi.

Haikupita wiki, punda walikuwa langoni pa kituo cha Mua wakila maua ya meneja. Nyuma yao walisimama wanawake wa vijijini na mitungi yao ya manjano, pamoja na Abshir aliyevaa kofia yake ya msikitini. Katunge alikuwa mbele. Nzembi alitoka na ndara zake.

"Mwaitu, mmefika salama?"

"Tumefika. Umetusomea nini?"

"Nimesoma ukweli."

"Tumesikia. Umesoma vizuri," Katunge alisema, na hakuwa anamkejeli. "Sasa soma ile ingine."

Abshir alikohoa kidogo. "Dada Nzembi, wallahi sisi hatuna ubaya na wewe. Kusema ulisema poa sana, hata mimi nilishtuka. Lakini mbuzi zangu zimeanza kulala chini. Wewe rudisha tu ile ya kwanza."

"Na mbona hamwendei mwenye shamba?" Nzembi aliuliza. Sauti ilimpanda, na punda mmoja akainua kichwa. "Mbona mnakuja kwangu? Mimi ndiye niliyechukua hayo mabomba?"

"Kwake tulienda mwaka ile," alisema Katunge. "Iko na askari na mbwa. Wewe hauna mbwa."

Nzembi aliangalia mitungi, akaangalia mikono ya mama yake, akawaambia waende nyumbani wasichelewe. Saa moja alisoma ile ya zamani. Henry alisema baadaye, alipopigiwa simu kutoka vijijini, kwamba maji yalitoka kwa nguvu kuliko siku zote.

Kamati iliundwa kuchunguza habari ya mabomba. Ilifika vijijini mchana, ikakuta mitungi imejaa, mapipa yamejaa na mbuzi wa Abshir wanakunywa. Ikaandika kwamba wakazi wana maji, na vijiji vile vikaondolewa kwenye mpango wa kuletewa maji. Habari ya saa moja iliruhusiwa kuendelea kwa kuwa haimdhuru mtu.

Miaka ikaenda. Koo la Nzembi likaanza kukwaruza, akaomba kustaafu. Wakamjaribu Linet, kijana mwenye sauti nzuri kushinda yake alipokuwa msichana, na vioo vya Kithimani vikatoa jasho tu. Wakajaribu kumrekodi Nzembi na kucheza kanda. Maji yakatoka, lakini yalinuka tangi, na watoto wakaumwa tumbo. Mwaka wa 2008 walimfanyia sherehe ya kustaafu, wakamkatia keki na kumpa saa ya ukutani, kisha meneja akamshika mkono akamwomba awe anakuja jioni kwa ile sentensi moja. Linet angesoma zingine.

Kwa hiyo aliendelea kuja. Siku moja mchana mama yake alimletea galoni, akaiweka juu ya meza ya habari.

"Ni ya jana. Ile ya rangi," alisema. "Miaka hii yote hujawahi kuonja."

"Kaa basi, mwaitu, uone nikisoma."

"Siwezi. Lazima nifike kabla ya saa moja."

Nzembi aliyaweka mpaka jioni. Makaratasi yalipokuja alijimiminia glasi akanywa. Alitarajia yawe machungu, au yawe na ladha ya chuma, au ya kitu chochote. Yalikuwa matamu, baridi, ya chemchemi, na utamu ule ulimchoma moyo. Aliyamaliza yote kwa sababu koo lilikuwa limekauka, akajifuta mdomo taratibu asiharibu poda, akakaza leso chini ya meza.

Taa nyekundu ikawaka. Huko Konza nyasi zilikuwa zinamwagiliwa. Nzembi aliwahakikishia wazee, kina mama, vijana, wakulima na wafugaji, polepole, na alipofika kwenye hivi karibuni akaukumbuka ule mtungi wa pili, akavuta pumzi, akalirefusha neno mpaka ujae.