Vigae Hamsini na Tisa

Ijumaa ya tarehe sita, saa kumi na mbili na dakika kumi jioni, Wachuka alivua viatu vya kazini mlangoni, akaweka maziwa jikoni, kisha akapiga magoti sebuleni akiwa na chupa ya rangi ya kucha. Benki ilikuwa imekata pesa ya mwezi ya mkopo wa nyumba jana yake, kwa hiyo mpaka ulikuwa umesogea. Alipaka alama ndogo nyekundu kwenye kigae cha tisini na nane, akaipuliza ikauke. Mama yake, aliyefariki miaka minane iliyopita, aliingia baada ya dakika tano, akavua gambuti, akabeba kigoda chake hadi kwenye alama, akaketi.

"Nimesogea?" aliuliza.

"Umesogea, maitu. Kidogo."

"Nimesikia. Hii goti moja imeshika joto."

Joto lilitoka jikoni, ambako jiko la makaa lilikuwa likiivisha githeri ya mahindi na maharagwe. Kutoka kwenye kile kigoda hadi kwenye jiko palikuwa na vigae mia moja hamsini na viwili. Wachuka aliijua idadi hiyo kama alivyoijua namba yake ya kitambulisho.

Mama hakuwa mtu wa kulalamika. Alichuma chai Kangari miaka arobaini, mvua kwa jua, na hata sasa alikuja na aproni ya plastiki kiunoni na harufu ya majani mabichi mikononi. Kitu kilichomsumbua ni baridi tu. Alikufa mwezi wa Julai, na alisema ile Julai haijawahi kuisha.

Alimwachia Wachuka robo eka ya chai. Wachuka, muuguzi wa miaka thelathini na minane wakati huo na mama wa mtoto mmoja, aliiuza kwa laki tano akaweka pesa zile kama malipo ya kwanza ya nyumba ya milioni tano kando ya barabara ya Mweiga. Benki ilitoa milioni nne na nusu zilizobaki, pamoja na barua nzuri iliyomwita mwenye nyumba. Wanawake wa kwao walikuja na kuni, sukari na unga, kama inavyofanywa kwa mtu aliyepata boma lake. Waliimba pale mlangoni hadi Wachuka akalia, na hakuona haya, kwani alikuwa amelala kwenye nyumba za kupanga tangu alipotoka chuoni.

Mama alikuja jioni ya tatu. Alipita mlango, akapita korido akipapasa ukuta kwa furaha, na alipofika mwanzo wa sebule akasimama ghafla, kama mtu aliyefika kwenye ua wa jirani.

"Hapa ni kwa nani?"

"Ni kwangu, maitu. Pita."

"Hapa si kwako," mama alisema, bila ukali. "Kwako kumeishia hapa."

Wafu huingia kwa watoto wao. Kwa mtu mwingine husubiri hadi mwenyewe awakaribishe, na mwenyewe wa sehemu ile ya nyumba, benki, hakuwa na mdomo. Wachuka alihesabu vigae nyuma ya visigino vya mama, akapata hamsini. Nyumba nzima ilikuwa na vigae mia tano. Mama alikuwa amesimama juu ya chai yake mwenyewe, hadi jani la mwisho.

Wachuka alitaka kulimaliza jambo hilo usiku uleule. Alibeba jiko akalileta koridoni. Mama alilitazama, akageuza uso.

"Moto ya mlangoni ni ya askari," alisema. "Mimi nimelea watoto sita kwa jikoni. Nitangoja."

Akangoja. Mtaa ule ulikuwa na nyumba hamsini na mbili, na waliokopa bei yote bila kuweka chochote walikuwa na hali mbaya zaidi. Jua lilipozama nyuma ya milima ya Nyandarua, wazazi wao walionekana nje ya malango, wazee kwa bibi, wamejifunika mablanketi, wakitazama madirisha yakiwashwa taa. Mbuvi, askari wa lango kuu, aliwajua wote na akawasalimia kwa zamu akienda kufunga geti. Watoto walioendesha baiskeli walijifunza kuwapita pembeni.

Mwezi wa kwanza mama alisogea theluthi moja ya kigae. Wachuka alifikiri ni mwanzo tu, mambo yatachangamka. Alikuwa amepiga hesabu ya mtu mwaminifu: mkopo ni wa miaka ishirini, malipo ni yaleyale kila mwezi, basi baada ya miaka saba zaidi ya theluthi moja ya nyumba ingekuwa yake na mama angekuwa anakaribia kuzisikia sufuria. Alikata nyama, akakata nguo, akamhamisha binti yake, Anita, kutoka shule ya kulipia. Hakukosa mwezi hata mmoja. Na miaka saba ilipotimia, mama alikuwa kigae cha tisini na nane.

Jumatatu iliyofuata Wachuka aliomba ruhusa kazini akaenda benki. Alihudumiwa na kijana aitwaye Kinyua, mpole, mwenye tai iliyonyooka. Wachuka alimwekea mezani karatasi yenye namba ya kigae. Kinyua aliisoma akatikisa kichwa taratibu, kama daktari aliyeletewa kikohozi cha kawaida.

"Wateja wengi wanatuambia hivyo," alisema. "Kuna mmoja, babake amesimama inje chini ya gata ya paa miaka nne."

"Nimelipa milioni nne na laki saba," Wachuka alisema. "Hiyo ni karibu bei ya nyumba. Mbona mama yangu hajafika hata kwa meza?"

Kinyua aligeuza kioo cha kompyuta. Jedwali lilikuwa refu, mistari mia mbili na arobaini, mmoja kwa kila mwezi wa maisha yake hadi atakapofikisha miaka hamsini na minane. "Angalia mwezi wa kwanza. Ulilipa elfu hamsini na sita. Elfu hamsini na mbili na mia tano ni riba. Hiyo ingine ndogo ndio iliingia kwa nyumba. Tunaanza na riba, madam. Nyumba inakuja mwisho mwisho."

"Na zote pamoja?"

Alimwonyesha. Chini kabisa, kwa maandishi madogo, palikuwa na milioni kumi na tatu na laki nne.

Wachuka aliifuata namba ile kwa kidole. Alikuwa ameitia sahihi miaka saba iliyopita, ukurasa wa kumi na nane, siku ambayo kila mtu alikuwa na haraka na yeye alikuwa na furaha. "Hizo ni karibu nyumba tatu," alisema. "Mimi niko na moja. Hizo zingine mbili ziko wapi?"

"Hizo ni za benki, madam," Kinyua alisema. Kisha, kwa kuwa alikuwa na roho nzuri, akaongeza, "Lakini iko bima. Ukifa leo, loni yote inalipwa. Mathe anaingia mpaka jikoni siku hiyo hiyo."

"Na mimi?"

"Na wewe pia. Mnaingia pamoja."

Wachuka alishukuru, akakunja karatasi yake. Alisema ana mtoto wa darasa la nne.

Jioni hiyo hakumwambia mama chochote. Alimpa chai kama kawaida. Chai ya mama haikupungua kikombeni, iliisha ladha tu, na baadaye Wachuka aliimwagia sukumawiki zilizopandwa uani. Mama alikuwa akitazama ndani ya sebule, upande ambao hangeweza kufika.

"Hawa wageni wako hawaongeangi?" aliuliza.

"Wageni gani, maitu?"

"Hawa wanne wamekaa kwa kiti. Huyu mzee ako na kofia kwa magoti. Wanaangalia TV hata ikiwa imezimwa."

Wachuka alitazama sofa. Hapakuwa na mtu. Mito minne, aliyokuwa ameinyoosha asubuhi, ilikuwa imebonyea katikati.

"Walikuja lini?"

"Mimi niliwapata hapa," mama alisema. "Nilidhani ni watu wa mumeo, na wewe huna bwana, nikanyamaza. Labda ni wazee wa hao watu wa benki."

Tangu siku hiyo Wachuka alikalia kiti cha plastiki. Anita alifanyia kazi za shule kwenye zulia. Hakuna aliyemwambia ahame, na alipoulizwa alisema tu kwamba kwa sofa kumejaa.

Mwaka huo hospitali alikofanya kazi Wachuka ilikaa miezi sita bila kulipa mishahara. Wauguzi walienda kazini hivyohivyo, wakagoma, wakarudi, wakaambiwa wawe na subira. Wachuka alikopa kwa chama cha akiba cha wanawake, akauza friji. Benki haikukasirika. Ilituma jumbe za upole, kisha ikampigia simu ikampa habari njema: malimbikizo yote, faini na gharama za kuandika upya zingeongezwa juu ya deni, na malipo ya kila mwezi yangebaki yaleyale. Alitakiwa kubonyeza tu pale palipoandikwa *Nakubali*.

Alibonyeza Jumanne jioni, saa kumi na mbili na nusu, akiwa amesimama mlango wa jikoni na mwiko mkononi. Mama alikuwa kwenye kigoda chake, kikombe mkononi, akimsikiliza Anita akisoma hadithi ya sungura. Kigoda kilianza kurudi nyuma. Hakikutoa sauti. Mama alirudi nacho akiwa ameketi vilevile, akipita alama nyekundu moja baada ya nyingine, mwaka wa saba, wa sita, wa tano, wala chai haikumwagika. Anita aliinua miguu ili shosho, bibi yake, apite, akaendelea kusoma. Kigoda kilisimama mwanzo wa sebule, karibu na korido, kwenye kigae cha hamsini na tisa, pale unapofika upepo wa mlima unaopenya chini ya mlango wa nje.

"Umefanya nini?" mama aliuliza kutoka kule.

"Nimeongea na benki."

"Ndio hiyo nimesikia."

Wachuka aliukamata mwiko kwa mikono miwili. Kulikuwa na githeri ya kugeuza, akaigeuza. Jedwali jipya lilikuja kwenye simu kabla hawajala. Mama angefika jikoni baada ya karibu miaka kumi na mitatu. Deni lingekwisha Wachuka akiwa na miaka sitini na mitatu, na serikali ilitaka muuguzi astaafu akiwa na sitini. Alitafuta mahali ambapo jedwali lilieleza ile mitatu, hakupaona.

Jioni iliyofuata mama hakuja. Wala ya pili, wala ya tatu, na mvua ilinyesha zote. Ya nne, Mbuvi alibisha akiwa na mwavuli.

"Madam, mathe iko kwangu," alisema. "Usikuwe na wasiwasi. Alikuja akiwa amelowa, nikamwambia apite."

Kibanda cha Mbuvi kilikuwa kando ya geti. Alikijenga mwenyewe kwa mabati na mbao alizonunua mjini kwa pesa mkononi, elfu thelathini na nane pamoja na misumari, pesa aliyoweka kidogo kidogo kwa miaka miwili. Ardhi ilikuwa ya mtaa, lakini mabati yalikuwa yake na moto ulikuwa wake, na wafu hawakuuliza zaidi ya hapo. Tena mwenyewe alikuwepo, na alikuwa na mdomo.

Wachuka alijaza thamosi, akamshika Anita mkono, akaenda. Nje ya malango hapakuwa na mtu hata mmoja aliyejifunika blanketi. Alielewa sababu alipoinama kuingia kwa Mbuvi. Wote walikuwa mle ndani. Wazazi wa mtaa mzima walikuwa wameketi goti kwa goti kuzunguka jiko dogo, pamoja na nyanya wa Mbuvi na wajomba zake watatu kutoka Ukambani, ambao walikuwa wenyeji na walijibanza ili wageni wapate nafasi. Mbuvi mwenyewe alikuwa amesimama, kwa kuwa hapakuwa na pa kukaa. Mama alikuwa karibu kabisa na makaa. Magoti yake yote mawili yalikuwa yamepata rangi.

"Karibu," mama alisema, akasogea. "Kaeni."

Wachuka aliketi. Ilimuuma kukaribishwa na mama yake kwenye nyumba ya mtu mwingine, na alimwambia hivyo. "Ulisema huu moto ni wa askari."

"Ndiyo. Lakini uko na mwenyewe, na ameniita kwa mdomo yake."

"Maitu, miaka saba nimelipa kila mwezi. Nimelipa mpaka nikauza friji."

"Najua. Nilikuwa nakuona." Mama alimshika mkono, na mkono wake ulikuwa na joto kwa mara ya kwanza tangu ile Julai. "Usilie hapa, hawa wazee wataamka waondoke, na inje kunanyesha."

Anita alimaliza hadithi ya sungura. Wazee walipiga makofi bila sauti. Thamosi ilipita mkono kwa mkono, ikarudi imejaa.

"Sasa rudi," mama alisema. "Wewe uko na wageni wanne kwa nyumba. Wamekaa miaka hiyo yote na hujawahi wapea chai. Watu watasema sikukufunza."

Wachuka alirudi. Alichemsha chai mpya yenye maziwa, akatoa vikombe vya maua vilivyoletwa na wanawake wa kwao, akavipanga vinne kwenye meza mbele ya sofa. Akasema karibuni, kwa kuwa ndivyo alivyofunzwa, kisha akaenda kumlaza mtoto.

Asubuhi ilikuwa tarehe tano. Vikombe vyote vinne vilikuwa vikavu hadi chini. Simu ilikuwa na ujumbe wa benki ukimshukuru mwenye nyumba kwa malipo yake. Wachuka aliviosha vikombe, akachukua chupa ya rangi ya kucha, akapiga magoti mwanzo wa sebule. Alipaka alama mpya nusu kigae mbele ya ile ya hamsini na tisa, akaipuliza ikauke, ingawa hapakuwa tena na mtu wa kuketi hapo.