Boti ya Amazoni Katika Ukumbi wa Edmonton

Marcelina alijisifu kwa jambo moja ambalo hakuna mwanamke mwingine wa Edmonton, London, aliyethubutu kulitamka. Alisema akimtazama mumewe kisogo tu, anajua amekula nini. Kisha, kwa kuwa hakuweza kukaa na sifa nzima mdomoni bila kuing'ata, akaongeza kwamba mara ya mwisho kisogo kilimwambia maharage, kumbe ni soseji, na soseji zenyewe zilikaangwa jiko la nani mpaka leo hajaambiwa.

Shenaz alicheka hadi akapoteza hesabu ya vitanzi vya sweta aliyokuwa akifuma. Shenaz ni mtu wa Tanga, mjane, na kwa miaka kumi viti vyao viwili vimekaa pamoja kila Alhamisi katika kituo cha wazee nyuma ya maktaba. Mstari wa pili alikaa Tarsem, Singasinga aliyezaliwa Mwanza, ambaye alitengeneza magari ya watu maisha yake yote na sasa hatengenezi kitu ila maneno. Wote walimwita Fundi.

"Na huko Bukoba anakula nini siku hizi, Mama Evans?" aliuliza Fundi.

"Anakula huzuni," alisema Marcelina, na hapo hakuna aliyecheka.

Maana jambo hilo lilikuwa zito. Siku kumi na mbili zilikuwa zimepita tangu Leonard, mume wa Marcelina, abebe sanduku lake kwenda Bukoba kumuuguza dada yake Valeria. Valeria alikuwa amepasuliwa tumbo. Hali yake ilikuwa mbaya, hawezi kusimama, uji anapewa kwa kijiko. Hayo yote Leonard aliyasema kwa simu kila jioni, kwa sauti tu bila picha, akieleza kwamba mtandao wa hospitali ile unachechemea.

Marcelina hakulala usingizi juu ya habari hizo. Alipita nyumba kwa nyumba. Akaiinua Jumuiya yake ya kanisani ikaanza novena, sala za siku tisa. Shenaz alimsomea mgonjwa Yasini. Fundi alilipeleka jina la Valeria hekaluni kwao, akasema wamelitamka vibaya lakini Mungu atakuwa ameelewa. Dini tatu zilikuwa kazini kwa ajili ya tumbo la Valeria. Marcelina mwenyewe aliweka nadhiri ya kunywa chai bila sukari mpaka wifi yake asimame kwa miguu yake, na mtu anayeijua chai ya Marcelina anajua kwamba hiyo si nadhiri, ni kifungo. Jumapili iliyokuwa ikija, padri angelitaja jina la mgonjwa mbele ya kanisa zima. Neno lilitoka kwa Leonard, lakini aliyelibeba mlango kwa mlango akiliwekea dhamana uso wake ni Marcelina.

Sasa, Alhamisi hiyo hawakuja kucheza bingo. Nancy, binti anayefanya kazi pale kituoni, alikuwa amewaandalia ziara. Nancy wazazi wake ni watu wa Morogoro lakini yeye kazaliwa hapa hapa London. Kiswahili anakielewa chote mpaka matusi, ila kujibu hujibu kwa Kiingereza. Alieleza kwamba kuna boti ya watalii katika mto Amazoni, ina sahani ya intaneti juu ya paa, na mwongoza watalii wake anarusha picha moja kwa moja ili wazee wasioweza kusafiri waone wanyama. Wanaotazama wako nchi kumi na moja. Si sinema, ni sasa hivi.

Marcelina alikuwa amekuja kucheka. Mambo ya kwenda mbali kutazama wanyama aliyaona kama ugonjwa wa Wazungu, unaoambukiza. Mwezi wa kwanza Leonard naye alionyesha dalili. Alileta nyumbani kijarida chenye picha ya huo huo mto, akakifungua mezani kwa uangalifu kama mtu anayefungua kanga mpya, akamuuliza mkewe kama wangeweza kwenda, sasa kwa kuwa amestaafu. Miaka ishirini na saba alikuwa ameendesha basi barabara ile ile, kituo kile kile, akirudi jioni pale pale alipoanzia asubuhi. Marcelina alicheka siku hiyo mpaka akashika ubavu. Mtu katoka kwenye mamba wa bure, alisema, anataka kulipa aende kwenye mamba wa pesa. Akaipeleka hadithi hiyo Jumuiyani, akaiigiza kwa mikono na macho, watu wakalia kwa kicheko. Leonard naye alicheka. Kisha akakikunja kile kijarida mara mbili, akakitia mfukoni, na hakukitaja tena.

Saa tisa kamili Nancy alifunga mapazia, na ukuta mzima ukawa maji.

Yalikuwa maji mapana ya rangi ya chai ya maziwa, na miti imesimama ndani yake mpaka kiunoni. Mwongoza watalii, mtu mzima mwenye masharubu na kizibao chenye mifuko kumi, alizungumza Kiingereza cha polepole kilichowafaa wote. Alisema huko ni saa nne asubuhi na jua limeshakuwa kali. Kipaza sauti chake kilinasa kila kitu, hata mtalii mmoja aliyekuwa akitafuna karanga, wakamsikia akimeza. Akawaonyesha ndege wenye midomo mikubwa kuliko akili. Akawaonyesha mnyama mwenye kucha ndefu anayening'inia kwenye tawi, akasema huyo hushuka chini mara moja tu kwa wiki, kwenda haja. Fundi akasema anamfahamu, aliwahi kumwajiri gereji.

Kisha mwongozaji akasema sasa awaonyeshe wasafiri wake, ambao wameridhia kuonekana. Kamera ikageuka, ikapita juu ya mabenchi polepole. Majaketi ya kuelea ya rangi ya machungwa, kofia, miwani ya jua, magoti mekundu. Halafu, benchi la mbele kabisa, karibu na mwongozaji, kikatokea kisogo.

Kilikuwa kisogo cheusi chenye mikunjo mitatu, na chini ya mkunjo wa tatu kovu dogo la kinyozi.

Marcelina alikitazama kama mtu anavyotazama kiatu chake mguuni mwa mtu mwingine. Kikombe kilikuwa njiani kwenda mdomoni, kikasimama hapo hapo.  Alijiambia watu hufanana. Alijiambia duniani kuna visogo vingi. Lakini mikunjo ile aliipaka mafuta yeye mwenyewe kwa miaka thelathini na minane, na mkono wake ulianza kuitambua kabla kichwa hakijakubali.

Na kando ya kisogo alikaa mwanamke. Alivaa kofia pana ya majani, kaweka mkono wake begani mwa yule bwana, na walikuwa wakichekea jambo, vichwa vimegusana.

 Sindano za Shenaz ziliacha kugongana.

"Mama Evans," alisema Fundi kwa sauti ya chini ambayo hakuna aliyejua kuwa anayo, "yule si..."

"Watu hufanana," alisema Shenaz upesi, akamshika Marcelina kifundo cha mkono.

Hapo yule bwana akageuka kupokea chupa ya maji, na uso wa Leonard, upana wa ukuta, ukawatabasamia wote. Haukuwa uso wa mtu anayekula huzuni. Marcelina hakukumbuka aliuona lini mara ya mwisho uso kama ule kwa mumewe. Ulikuwa uso wa mtoto aliyepewa likizo. Chai ilimwagika kwenye sketi yake na hakuisikia moto.  Miaka thelathini na minane, na kumbe mahali pa kumtafuta mumewe palikuwa ukutani mwa kituo cha wazee. Hakuweza kuondoa macho kwenye ule mkono uliokuwa begani.

Nancy alishika rimoti, akauliza kwa Kiingereza, kwa upole, kama azime.

"Acha," alisema Marcelina.

Maji yalichemka ubavuni mwa boti, migongo ya waridi ikainuka na kuzama. Mwongozaji alipaza sauti kwamba ni pomboo, pomboo wa mtoni. Mwanamke mwenye kofia akaruka kusimama, akapanda kwa mguu mmoja juu ya benchi, simu mkononi, akipiga picha. Upepo ukaisukuma kofia nyuma, ikaning'inia kwa kamba yake shingoni.

Alikuwa Valeria.

Alikuwa Valeria, mzima wa afya, mnene kuliko alipokuja London kwenye harusi ya Evans, kasimama kwa mguu mmoja juu ya boti inayoyumba, tumbo limejaa vizuri ndani ya jaketi la kuelea. Mshtuko wa pili ulimpata Marcelina kabla wa kwanza haujatoka, ikakutana mlangoni. Hakuwa hawara. Shukrani zilimjia, zikamkuta hana pa kuziweka, maana nyuma yake zilifuata Yasini, novena, hekalu, padri, na vikombe arobaini vya chai chungu.

"Labda mto Kagera umefurika," alisema Fundi, "ukawasomba wodi nzima."

Shenaz alimwambia afunge mdomo, lakini naye mabega yalikuwa yakimtetemeka.

Marcelina alitoa simu kwenye mkoba. Vidole vilikosea mara mbili. Shenaz alimnong'oneza asipige akiwa na hasira, na Marcelina akasema hasira bado haijafika, iko njiani. Anachotaka ni kusikia. Alitaka kumpa mwanamume yule nafasi moja ya kusema kweli. Akisema kweli, sasa hivi, bila kusukumwa, mengine wangeyamaliza nyumbani wawili. Akaweka simu sikioni, macho ukutani.

Ukutani, Leonard alipapasa mfuko wa kaptura. Aliitazama simu, tabasamu likamtoka usoni kama maji kwenye beseni lililotoboka. Alimvuta Valeria upindo wa nguo, Valeria hakumjali. Akainama, akaziba mdomo kwa kiganja.

"Baba Evans, habari za huko?"

"Ah, mama. Tunamshukuru Mungu. Niko wodini hapa."

Picha ilikuwa ikichelewa nyuma ya simu. Sekunde tatu baadaye midomo ikaenda ukutani, na kipaza sauti kikaurudishia ukumbi mzima, wazi kabisa: niko wodini hapa. Uongo ule ukawa umesemwa mara mbili, mara ya pili mbele ya mashahidi ishirini na wawili.

"Mgonjwa anaendeleaje?"

"Bado, mke wangu. Leo hata kugeuka hawezi."

Mgonjwa alikuwa amegeuka mara tatu, akifuata pomboo.

"Maskini wifi yangu," alisema Marcelina. Sauti ilimtoka laini, yeye mwenyewe akaishangaa. "Na huo mngurumo ni wa nini?"

"Jenereta. Umeme umekatika tangu asubuhi."

"Namsikia mtu anaongea Kiingereza."

Leonard alimtazama mwongoza watalii, masharubu mpaka kizibao. "Daktari," alisema. "Mgeni. Anapita kuwaona wagonjwa."

Daktari alikuwa akisema wageni watazame upande wa kulia, kuna mamba mdogo juu ya gogo. Fundi alijifunika uso kwa leso, akabaki kuonekana kilemba tu. Nancy, aliyeelewa yote, alikuwa ameketi sakafuni.

Marcelina hakucheka. Alimwona mumewe akifuta jasho, na kwa nukta moja akaziona tena zile kurasa za kijarida zikikunjwa mara mbili mezani, na jinsi yeye alivyokuwa akipangusa machozi ya kicheko. Kitu kilimchoma hapo, hakukipenda. Akampa nafasi nyingine, ambayo hakuwa amepanga kuitoa.

"Baba Evans," alisema, "kama kuna neno la kuniambia, niambie sasa. Sitapiga kelele."

 Ukutani Leonard alionekana akifumba macho, akayafumbua, akaitazama miti iliyosimama majini. Ukumbi wote ulijisogeza mbele kwenye viti.

"Neno gani tena, mama?" alisema. "Nimechoka tu. Ni kukesha."

"Basi mpe Valeria simu nimsalimie."

"Hawezi. Wametundika dripu, mikono yote miwili imefungwa."

Mikono yote miwili ya Valeria ilikuwa juu, ikiwapungia pomboo.

Marcelina alivuta pumzi mpaka chini kabisa.

"Sawa," alisema. "Ila mwambie mgonjwa akae chini kabla hajawazamisha. Boti imelalia upande wake."

 Kwa sekunde tatu ukutani Leonard bado alikuwa mtu mwenye matumaini. Kisha maneno yakamfikia. Akamtazama Valeria. Akaitazama simu. Akatazama juu, kwenye sahani ya intaneti, akaifuata waya kwa macho ikishuka kwenye nguzo, mpaka kwenye mkono wa mwongozaji, mpaka kwenye kamera. Na hapo uso wake, upana wa ukuta, jaketi la machungwa limempanda masikioni, ukakutana na ukumbi wa Edmonton.

Lakini sauti yake ilikuwa imeshatangulia kufika, ndogo na kavu, sikioni mwa mkewe.

"Boti gani?"