Wanaokaa Juu

Nyumba yetu haina ghorofa. Naanza na hilo ili asije mtu akaniambia nilikuwa nasikia majirani. Ni vyumba vitatu, sebule na jiko, paa la bati, na juu ya dari kuna mbao, nyaya za umeme na vumbi la miaka kumi na tisa. Mume wangu ni fundi wa lifti, anapanda na kushuka majengo ya watu tangu ujana wake, na ndiye aliyepanda ngazi mara tatu kwenda kuchungulia. Mara zote tatu alishuka na utando wa buibui kichwani na jibu lile lile: "Hakuna kitu."

Lakini mtu alikuwa anatembea.

Ilianza wiki ile ile benki ilipotuandikia barua. Jumapili, saa tisa alasiri, nimekaa sebuleni napiga pindo la pazia la mteja, nikasikia kiti kikiburutwa juu ya kichwa changu. Kisha nyayo za mtu asiye na haraka, kutoka upande wa jiko hadi upande wa dirisha kubwa. Zikasimama hapo, kama mtu anayetazama nje. Nikamwita mume wangu, akaja na kijiko mkononi, akasikiliza kidogo, akasema ni panya.

"Panya wamevaa viatu?"

"Siku hizi kila mtu anavaa viatu," akasema, akarudi jikoni. Ndivyo alivyo huyu bwana. Ukimwambia nyumba inaungua atakuuliza kama kuna chai.

Barua yenyewe ilikuwa fupi. Benki ilikuwa inapitia mafaili ya zamani, na imeonekana mkopo wetu wa nyumba utaisha mume wangu akiwa ameshastaafu. Kwa hiyo tulete mtu mwenye umri mdogo na mshahara wake, asaini pamoja nasi. La sivyo rejesho la kila mwezi litapandishwa. Mtu wa namna hiyo katika familia yetu ni mmoja tu, binti yetu. Ana miaka ishirini na minne, anafanya kazi maabara ya hospitali, na baba yake anamwita Hadubini tangu enzi zile alipokuwa akilala kifudifudi uani kuchunguza miguu ya siafu.

"Ni saini tu," mume wangu akasema. "Nyumba yenyewe si itakuwa yake? Sisi tunaenda nayo wapi?"

Na mimi, Mungu anisamehe, niliitikia. Kilichoniudhi kwenye barua ile ni neno moja tu, "ameshastaafu". Kwa hesabu zangu tulibakiza miaka sita. Mume wangu ana hamsini na nne. Hamsini na nne na sita ni sitini, na sitini ndiyo siku wanayomkatia keki na kumpa saa ya ukutani. Sasa hao wanaosema deni litampita walisomea wapi? Nikabeba mkoba wangu nikawafuata huko huko.

Mimi si mbumbumbu wa hesabu. Nakata mapazia kwa riziki. Mteja akija na dirisha la mita mbili, namwambia alete kitambaa cha mita tano, naye ananitazama kama mwizi. Namweleza kwamba pazia lazima likunjwe mikunjo, na mikunjo ndiyo inayokula kitambaa. Dirisha moja, kitambaa cha madirisha mawili na nusu. Nimelisema hilo maelfu ya mara. Na katika miaka yote kumi na tisa sikuwahi hata siku moja kuwauliza benki kitambaa chao kinaliwa na nini. Niliuliza rejesho ni kiasi gani kwa mwezi, wakanitajia, nikaona tunaliweza, nikapiga vigelegele.

Afisa wa mikopo alikuwa mama wa makamo, miwani imefungwa kamba shingoni, sauti ya upole hadi unajisikia mgonjwa. Akanichapishia karatasi, kurasa kumi na nane. Akaweka kidole kwenye mstari wa kwanza kabisa.

"Mkopo ulikuwa milioni sitini. Mwezi wa kwanza mlilipa laki saba na elfu sitini na nane. Riba ilichukua laki saba na nusu."

"Na iliyobaki?"

"Elfu kumi na nane ilienda kupunguza deni."

Elfu kumi na nane ni bei ya kitasa. Nakumbuka mwezi ule wa kwanza. Mume wangu alinibeba mlangoni, mgongo ukamuuma wiki nzima, tukasema sasa tuna nyumba yetu. Kumbe tulikuwa na kitasa.

Kidole cha yule mama kikashuka. Miaka mitano ya mwanzo tulilipa milioni arobaini na sita, na deni likapungua milioni moja na nusu na ushee. Kisha akafika mwaka wa tisa, ambao mume wangu alianguka kazini akavunjika mguu, na benki kwa roho nzuri ikatupumzisha miezi mitatu bila kulipa. Mwaka wa kumi na sita ikatupumzisha tena miezi mitatu, tumalizie ada ya chuo ya binti. Mara zote mbili niliwapelekea keki. Niliioka mwenyewe.

"Nyinyi mlipumzika, mama," akasema. "Riba haikupumzika. Ile miezi sita imeongeza miaka mitano na miezi mitatu."

Nikamwomba arudie. Akarudia kwa upole ule ule. Tumeshalipa milioni mia moja na sabini. Tunadaiwa hamsini bado. Tukienda hadi mwisho, nyumba moja tutakuwa tumeilipia kama nyumba nne na nusu.

"Mbona hamkuniambia?"

"Ipo kwenye mkataba, mama. Ukurasa wa mwisho." Na hakusema kwa ubaya. Ingekuwa kwa ubaya ningejua la kumfanya.

Nilirudi nyumbani saa nane mchana. Hakukuwa na mtu. Nikakaa sebuleni na mkoba mapajani, na huko juu wakaanza. Safari hii haikuwa nyayo tu. Nilisikia cherehani, tena mbili, zinakwenda kwa pamoja, na mwanamke akicheka katikati ya kazi. Kicheko kile nilikijua. Nilikuwa nacho miaka ile niliyopanga kukodi chumba barabarani, niweke cherehani mbili na msaidizi mmoja, kabla hatujasema tungoje kidogo deni lipungue. Nikasikia maji yakimiminwa. Nikasikia mwanamume akishuka hatua kwa hatua bila kuchechemea, wakati mume wangu anachechemea tangu mwaka ule wa tisa, kwa sababu alirudi kazini mguu haujapona, ili tusiingie mwezi wa nne bila kulipa.

Ndipo nikajua ni akina nani. Walikuwa wanakaa katika nyumba zile nyingine tulizolipia. Zilikuwa zimepangwa juu yetu, moja juu ya nyingine, na walikuwa ni sisi, ila wasio na haraka, waliopumzika. Sikuogopa. Niliwaonea wivu, wivu mbaya wa kumtamani mtu vyake. Nikachukua ufagio nikagonga dari kwa mpini hadi rangi ikabanduka.

Cherehani zikanyamaza. Halafu, kutoka juu, mtu akagonga sakafu yake mara tatu, kama unavyomwomba jirani apunguze kelele.

Sikumwambia mume wangu habari ya kugongwa. Nilimwonyesha karatasi. Akazisoma zote kumi na nane amesimama, kisha akazikunja vizuri, akaziweka chini ya redio.

"Basi ndiyo hivyo," akasema. "Tumeshafika mbali. Binti asaini, tumalize. Hii nyumba nimeweka vigae kwa mikono yangu."

"Akisaini, anachukua miaka kumi na mmoja yetu anaifanya yake."

"Unataka tukalale wapi, mama mtu? Niambie."

Anajua nikizidiwa huwa naosha vyombo. Nikaosha vyombo.

Alhamisi binti akaja kulala kwetu, ili kesho yake twende benki pamoja. Alikuwa amekonda, macho mekundu ya zamu za kuunganisha. Nikamuuliza kama amefikiri vizuri. "Mama, ni nyinyi," akasema, kana kwamba hilo ni jibu. Akaingia chumba chake cha zamani akajitupa kitandani na viatu vyake, mchana kweupe, akalala fofofo.

Nikasimama mlangoni nimtazame. Juu ya chumba kile hapakuwahi kusikika kitu, hata siku moja. Na hapo, nimesimama, nikasikia. Nyayo nyepesi za msichana. Akavuta dirisha akalifungua, akaimba kidogo, akasikika kama mtu anayepanga nguo begini kwa safari ndefu. Na binti yangu mimi alikuwa chini yake, kinywa wazi, hoi. Safari hii niliogopa, niliogopa hadi nikashika mwimo wa mlango.

Ijumaa saa nne asubuhi tulikuwa mbele ya meza ya yule mama mwenye miwani ya kamba. Nyuma yetu foleni ya watu na vitambulisho vyao. Binti akatoa cha kwake, yule mama akaanza kuandika namba kwenye kompyuta, fomu iko mezani, kalamu juu ya fomu. Mume wangu akaisogeza kalamu kwa binti. Nikaiwahi.

"Hasaini," nikasema.

"Mke wangu."

"Nimesema hasaini. Akimaliza atakuwa na miaka thelathini na mitano, na hatajua miaka yake ilikwenda wapi. Mimi najua ya kwangu ilipo, naisikia kila siku. Uzeni nyumba, niuzeni na mimi, huyu hasaini!"

Foleni nzima ikageuka. Mume wangu akainamisha kichwa, masikio yanawaka. "Unanitia aibu," akanong'ona. Nilikuwa nimejaa, nimevimba kwa ushindi, kalamu nimeibana kifuani. Ndipo yule mama akavua miwani.

"Hata hivyo asingeweza, mama. Ana wa kwake."

"Wa kwake nini?"

Akamtazama binti. Binti akatazama meza.

"Nilitaka kuwashtukiza," akasema. "Nimechukua nyumba. Mwezi uliopita. Ina chumba chenu, mama, chenye madirisha mawili, nilikuwa nafikiria utakuja kushona mapazia yake. Halafu baba akasema nisaini, nikashindwa kumkatalia. Nilidhani naweza kubeba yote."

"Kiasi gani?" nikauliza.

"Milioni themanini. Lakini rejesho nimeona nitaliweza."

"Nakuuliza miaka."

"Ishirini na mitano."

Nikahesabu bila kutaka. Arobaini na tisa. Nikakaa. Hadubini wangu, anayeona vijidudu kwenye tone la damu, aliona kile kile nilichokiona mimi, kiasi cha mwezi. Na nani angemfundisha kuona kingine? Amekua akituona tunalipa na kushukuru. Nilitaka kumpiga na kumkumbatia. Sikufanya lolote kati ya hayo. Nikamgeukia yule mama.

"Mchapishie ya kwake."

Ikatoka. Nikaweka kidole kwenye mstari wa kwanza, kama nilivyowekewa mimi. Milioni moja na elfu ishirini na tano ya rejesho, milioni nzima ya riba. Elfu ishirini na tano ya nyumba. Binti akasoma, akarudia kusoma, akafunika mdomo kwa kiganja.

Kwa mara ya kwanza tangu nimtie aibu, mume wangu akanyanyua kichwa. Alikuwa anatazama mstari ule, lakini alizungumza na yule mama.

"Ukipunguza mwanzoni hapa, kabla haijazaa. Kwa mkupuo. Inakuwaje?"

"Inategemea kiasi gani, baba."

"Nyumba ya jirani yetu imeuzwa tisini na tano. Yetu ina vigae." Akahesabu kwa vidole. "Toa hamsini yenu. Toa ada, toa dalali. Weka arobaini."

"Baba, hapana," binti akasema. "Ile ni nyumba yenu."

"Ngoja kwanza, mwanangu. Dada, weka arobaini, rejesho libaki lile lile."

Yule mama akavaa miwani, akaandika. Kompyuta ikafikiri. Akageuza kioo cha kompyuta tukione wote watatu.

"Miaka minne na nusu," akasema.

Mume wangu akasogea, akagusa kioo kwa kidole chake chenye grisi ya miaka yote isiyotoka, akaifuata ile tarehe ya mwisho herufi kwa herufi.

"Utakuwa na miaka ishirini na minane," akamwambia binti.

"Baba, mtakaa wapi?"

"Si umesema kuna chumba?" Kisha akanigeukia mimi. "Tunauza."

"Ishirini na minane," akarudia, akavua kofia, akalia pale pale mbele ya foleni, na mimi nikamwacha alie.