Miguu ya Msoma Habari

Hivi wewe, mtu wa kwenye televisheni akikusalimia, unaitikia au unakaa kimya?

Mimi huitikia, na anayecheka acheke. Tena nina sababu. Yule anayesoma habari za jioni kwenye televisheni ya mkoa wetu, Otilia Mdegela, mwenye miwani na sauti ya taratibu, ni mwanangu wa kwanza. Akisema, "Shikamooni wazee wetu," mimi huku Kilolo, nimejifunika blanketi magotini, nasema, "Marahaba mwanangu, umekula?" Hanijibu. Anaendelea na habari za mbolea.

Nywele zake zimepata mvi humohumo kwenye kioo, mbele ya watu wote. Leo jioni anasoma kwa mara ya mwisho, anastaafu. Mwanawe Gaudensi anataka akaishi kwake Dar es Salaam, ghorofani. Mimi nina neno langu, neno fupi: njoo nyumbani. Lakini kila nikimpigia simu, likifika kwenye ulimi linageuka sweta. "Vaa sweta, Oti, mjini kuna upepo." Naye anasema, "Sawa, mama." Tunaagana. Naogopa asije akadhani namwita aje kunichotea maji.

Usiku wa jana niliota nimekaa kwenye kiti changu kilekile, natazama habari. Otilia akasalimia, nikaitikia. Safari hii televisheni ikanigeukia.

"Mama Oti," ikasema, "hizi marahaba zako zimejaa huku mpaka mlango haufungi. Njoo uziangalie mwenyewe."

Nikaona ina haki. Nikajitanda khanga ya pili, nikafungia kuku, nikaingia. Nilitanguliza mguu wa kulia, kwa adabu, maana ni mlango wa watu. Miguuni nilikuwa na soksi zangu nilizofuma mwenyewe, moja nyekundu, moja ya kijani, kwa sababu nyuzi nyekundu ziliniishia.

Mlinzi wa mle ndani ni maikrofoni. Mrefu kama mhindi uliokomaa, na kofia ya manyoya kichwani.

"Hebu sema moja, mbili, tatu," ananiambia.

"Moja, mbili, tatu."

"Sauti yako ina moshi."

"Ni ya jikoni, mwanangu."

"Pita. Stoo iko kushoto."

Stoo imejaa matenga ya nyanya, na ndani ya matenga kuna marahaba zangu zote, tangu siku ya kwanza. Kumbe marahaba ni kitu kidogo, cha mviringo, na bado zilikuwa na joto kama mayai ya asubuhi. Nikajitwisha tenga moja, nikaufuata mkono uliochorwa ukutani kuonyesha njia.

Kwenye kibaraza nikazikuta habari zimekaa benchi zikisubiri kuitwa, kama wagonjwa zahanati. Habari ya bei ya viazi ilikuwa inasinzia. Hali ya hewa ilikuwa imelowa, inakamua gauni lake kwenye beseni. Mara ikaja habari moja mbio, inahema, jasho tupu.

"Nimefika hivi punde!" ikasema.

"Wote tumefika," bei ya viazi ikaiambia. "Kaa nyuma."

Ukutani zilitundikwa nguo zote alizowahi kuvaa Otilia akisoma habari. Nikaona lile gauni la maua la siku ya kwanza, lenye mabega yaliyojazwa sponji. Nikaona kitenge nilichomnunulia mimi. Nguo zote zilikatika kiunoni, chini hazina kitu. Ile nyeusi, aliyoivaa aliporudi kazini baada ya kumzika mumewe, haikutundikwa. Ilikuwa imekaa sakafuni. Jioni ile alisoma bila sauti kutetemeka, ila mimi niliuona mkono wake ukiikandamiza meza.

"Bado unalia?" nikaiuliza nguo.

"Hapana, mama. Napumzika tu."

Nikaipangusa vumbi, nikasogea. Hatua iliyofuata nikakanyaga saruji ya kanisa letu, na Otilia ni msichana, kasimama juu ya kreti la soda ili aonekane, anasoma matangazo baada ya misa. Huko ndiko alikoanzia.

"Amepotea beberu wa Mzee Kikoti, mweusi, mwenye pembe moja."

Beberu mwenyewe amekaa benchi la nyuma, miguu ameikunja vizuri. "Sijapotea," ananinong'oneza. "Nimekuja kumsikiliza huyu binti anavyosoma. Anafika mwisho wa sentensi bila kukimbia."

"Ni wangu," nikasema.

"Najua. Mna pua moja."

Nikamgeukia Otilia nimwite, kanisa halipo. Niko kwenye chumba cha habari, taa kali kama jua la saa sita, na mwanangu yuko mezani, mkubwa, na mvi zake, anasoma. Macho yake yako kwenye kile kioo kinachompandishia maneno toka chini kwenda juu, kama siafu ukutani.

"Usipite mbele yangu, mama," kamera ikaniambia kwa upole. "Utaonekana Iringa nzima na hiyo khanga ya ndani."

Nikapita nyuma. Hapo nikaona. Toka kiunoni kwenda chini, mwanangu alikuwa meza. Ubao mtupu, umepigwa vanishi.

"Oti," nikaita. Nikataka kusema njoo nyumbani. Nikafungua mdomo, kikatoka hiki: "Wakulima wa nyanda za juu wanashauriwa kuanika mahindi mapema."

"Asante kwa taarifa," meza ikasema.

Nikajaribu tena. "Upepo utavuma kutoka kusini."

"Usijisumbue, mama," meza ikasema. Ilikuwa na sauti ya mtu mzima mwenye heshima zake. "Humu ndani zinatoka taarifa tu. Ombi halitoki. Yeye mwenyewe ana lake, amelikalia miaka yote hii, halitoki."

"Miguu ya mwanangu iko wapi?"

"Ana miguu? Watazamaji hawajawahi kuiona. Kisichoonekana kwenye televisheni, humu hakipo. Habari zikiisha leo, mimi nasukumwa kwenye kabati, na yeye pamoja nami. Hatutaki ubaya. Ndiyo kazi ilivyo."

Kioo kikasema, "Zimebaki za michezo, na hali ya hewa."

Nikalitua tenga, nikalifunua. Marahaba zikaruka zote kwa pamoja kama vifaranga, zikijaa mezani, mabegani kwake, kwenye miwani. Umekula? Umekula? Umekula? Na Otilia, aliyesoma baada ya kumzika mumewe bila kukatiza, akakatiza katikati ya habari za mpira wa miguu.

"Sijala, mama," akasema.

Hali ya hewa ikachungulia mlangoni, inachuruzika.

Basi nikaona kama ni taarifa wanazotaka, taarifa ninazo. Nikaivuta khanga, nikasimama wima kama nilivyofundishwa darasa la nne.

"Taarifa ya miguu ya Otilia," nikasema, na sauti ikatoka safi. "Mguu wa kulia una kovu chini ya goti. Aliangukia jembe tukivuna viazi, akalia mpaka akapewa kiazi cha kuchoma, akala huku bado analia. Kidole cha pili kimekizidi kile kikubwa, mguu wote ni wa baba yake. Kisigino cha kushoto kinapasuka wakati wa kipupwe, nilikuwa nakipaka mafuta ya mgando. Akilala, anasugua mguu kwa mguu kama panzi."

Meza ikaanza kulialia, kama ubao ulioachwa juani.

"Endelea," kamera ikasema. "Naiona kidogo."

"Hakuwa na viatu vya shule. Asubuhi za umande wa barafu alikuwa anamwamsha ng'ombe wetu Nyota, halafu anasimama palepale alipokuwa amelala, apate joto la nyayo. Anamwambia, 'Samahani, dada Nyota.' Kila siku alimwomba samahani."

Mlango ukafunguka. Akaingia Nyota, aliyekwisha kufa zamani, na kengele yake shingoni. Akajikunja chini ya meza, akalala, akatafuna kidogo.

"Huyu ng'ombe yupo kwenye ratiba?" kioo kikauliza.

"Hayupo," meza ikajibu. "Lakini ni mkubwa, tumwache."

Nyota akainuka, akajipigapiga mkia, akatoka. Pale alipolala pakabaki pana mvuke. Na kwenye mvuke ule, taratibu, vikaota vidole vya miguu, cha pili kirefu. Zikaja nyayo, likaja na kovu mahali pake. Meza ikasogea yenyewe hatua moja pembeni, ikasema, "Samahani, mama. Sikuwa na taarifa."

Miguu ilikuwa ya baridi sana. Miaka yote ile ilikaa haina mtu wa kuiuliza. Nikapiga magoti mbele ya taa zote, nikavua soksi zangu, nikamvalisha mwanangu, ya kijani kulia, nyekundu kushoto. Akanishika kichwa kwa mikono miwili.

Nikafungua mdomo nimwambie neno langu. Likatoka wingu la mvua. Wote tukalitazama likipita.

Nikaamka. Kumeshapambazuka, kuku wanapigania mlango. Miguu yangu ni barafu. Nikapapasa kwenye blanketi, nikakung'uta shuka, nikainama uvunguni. Soksi hakuna, wala nyekundu wala ya kijani, na nililala nimezivaa.

Simu ikalia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekula?"

Siku zote hujibu nimekula. Leo nikamsikia anavuta pumzi.

"Sijala, mama. Nimekaa tu hapa kitandani naangalia miguu. Sijui hata nikwambieje. Nimeamka nimevaa soksi ambazo si zangu. Moja ya kijani, na moja..."

"Nyekundu," nikasema. "Nyuzi ziliniishia."

Sikuuliza kitu, naye hakuuliza. Nikalisikia lile sweta linapanda kooni, na vifungo vyake vyote, linakuja kukaa kwenye ulimi. Nikalimeza.

"Oti," nikasema. "Ukimaliza kusoma leo, usiende ghorofani kwa watu. Njoo nyumbani, mwanangu. Njoo tukae."

"Mama," akasema, na ile sauti ambayo mkoa mzima haujawahi kuisikia ikitetemeka ikatetemeka, "mbona nilikuwa nasubiri uniite."