Mjane wa Filamu Msibani

Kwa miaka sita Chizuru Namiki alikuwa mjane, ingawa mume hakuwahi kuwa naye. Katika filamu za watu wazima za Tokyo kila mwigizaji ana sura yake ya kuuza: yupo nesi, yupo mke wa jirani, yupo bosi wa ofisini. Yeye, mwanamke wa miaka thelathini na minane, alipewa kimono cheusi, joho la Kijapani la msiba linalofungwa kwa mkanda mpana. Mwongozaji wake, mzee Kuwabara, alizoea kumwambia, "Mwili kila mtu anao, Chizu. Wewe unawauzia huzuni. Inamisha shingo, chozi lishuke upande wa kamera."

Kisha baba yake akafa kweli, huko kwao Nagaoka.

Asubuhi ya mazishi alijifunga kimono peke yake, chapuchapu, shangazi yake akabaki ameduwaa. "We mtoto, nani kakufundisha? Mimi mtu mzima bado nafungwa na watu!"

"Kazini, shangazi."

Fumie, mdogo wake, aliyeijua kazi hiyo, alimtupia jicho kali.

Wageni wakaanza kufukiza ubani na kuinama. Chizuru naye akainama, na shingo ikaenda palepale ilipozoea. Chozi likamtoka jicho la kushoto, moja tu, safi. Akashtuka. Akabadili mkao, akahamisha mikono. Kila alivyokaa, alikwisha kukaa hivyo mbele ya kamera. Mume wa binamu yake alimtazama, akamtazama tena, kisha masikio yakamwiva kwa aibu, akainamisha uso haraka. Huyu kanijua, Chizuru akajisemea.

Akanyanyuka akatoka. Fumie akamfuata hadi stoo. "Dada, hata leo unaigiza?"

"Sijui! Ndicho kinachonitia wazimu, Fumi, sijui! Nifungue huu mkanda."

Fumie akasita, kisha akaufungua. Chizuru akavaa suruali na koti la baba la shambani, lenye tope la mpunga mikononi. Aliporudi kuketi mstari wa mbele, macho makavu, miguu haitulii, shangazi aliguna kwa sauti.

Baada ya maiti kuchomwa, dada hao wawili walishika vijiti, kama ilivyo desturi, wakaokota mfupa wa baba pamoja kuutia kwenye chungu cha majivu. Kijiti cha Chizuru kikateleza, mfupa nusura uponyoke.

"Shika vizuri, dada," Fumie akanong'ona, makamasi yakimtiririka.

"Nimeshika."

Wiki iliyofuata alimpigia Kuwabara kumwambia kimono basi.

"Haya, uwe bosi wa ofisini," mzee akasema. "Miwani itakukaa."

Chizuru akakata simu. Akazunguka chumba mara tatu, akavaa viatu, akatoka kutembea bila kujua aendako, wala anatembea kama nani.