Saa Tano na Dakika Arobaini

Barua ya uhamisho ilimkuta dada yangu Savitra akipima watoto uzito. Ni nesi wa kijiji, miaka kumi na moja kituo hichohicho, sasa eti aende Pangi, kule ambako theluji ikishuka barabara imefungwa mpaka Aprili. Sababu: maslahi ya umma. Umma wenyewe ni mke wa mpwa wa mbunge, naye nesi, anataka kituo cha karibu na kwao.

Nyumbani tuna baba. Kiharusi kimemlaza upande mmoja. Anayemgeuza, anayemlisha, anayemchoma sindano ya sukari ni dada. Mimi natengeneza pampu za maji. Shule niliacha darasa la nane, mikono yangu inajua chuma tu.

Tukaenda mjini Shimla kwa wakili, Bwana Negi. Akasoma barua huku anakunywa chai.

"Binti, umeshakabidhi kituo?"

"Bado."

"Basi usikabidhi. Jaji anamsaidia aliye bado kituoni. Ukisaini makabidhiano umeondoka, hata kama umesimama palepale. Nenda kaugue nyumbani. Usisaini hata karatasi ya muuza maziwa."

"Sijui kuugua," dada akasema.

"Utajifunza. Serikali nzima inajua."

Kesi ikapangwa Jumatano. Nikaenda mimi na faili, dada akabaki na baba, eti anaumwa. Kwenye benchi la mahakama nilikaa na mwalimu mmoja mzee.

"Mara ya kwanza?" akaniuliza.

"Ndiyo, mzee."

"Mimi ya nne. Nikishinda wananihamisha tena."

Akasinzia. Majina yakaitwa, ya walimu, mafundi umeme, walinzi wa misitu, wote maslahi ya umma. Nilichoka mpaka meno.

Saa sita na robo jaji akasema, bila kuinua kichwa: kama nesi hajaondoka kituoni, abaki mpaka kesi isikilizwe. Haikuchukua hata dakika mbili. Nikatoka nje na wakili, nikapiga simu.

"Dada, umebaki."

"Hukam, nimesaini."

Akanieleza: umeme ulikuwa umekatika kijijini tangu alfajiri. Jokofu la chanjo lina kufuli, ufunguo anao dada. Yule nesi mpya, mke wa mpwa wa mbunge, akaja mlangoni kwetu analia: kina mama wamepanga foleni na watoto, chanjo zinapata joto. Dada akaenda, akazihamishia kwenye sanduku la barafu. Yule akasema hachanji mtoto wala hagusi kitu kabla ya makabidhiano. Dada akasaini.

"Si ungemwachia ufunguo tu?"

"Chupa moja ikipotea nani atajibu?"

Wakili akanipokonya simu, akaweka spika. "Ulisaini saa ngapi?"

"Saa tano na dakika arobaini."

"Nani anajua?"

"Nimeandika."

Bwana Negi akafumba macho. Miaka yote hiyo dada anaandika joto la jokofu asubuhi na jioni, na saa pembeni. Mkono ulienda wenyewe.

"Fomu ile haina hata sehemu ya saa," wakili akasema. "Hakuna mtu anayeandika saa."

"Mwambie aibadilishe," nikasema. "Aweke saa sita na nusu."

Dada alinisikia. "Hukam, usinichoshe."

Nilifika nyumbani na karatasi ya mahakama, muhuri wake safi kabisa. Dada alikuwa anakunja sweta. Wakili kasema tunaweza kuomba upya, wiki sita, labda nane. Wiki sita zikiisha theluji imeshafunga njia.

"Njoo hapa," akaniambia. "Mgeuze. Usimvute mkono, atakuvunjikia. Shika nyonga."

Baba akaguna. "Huyu anadhani mimi pampu."

Kesho yake dada akaondoka. Kaniachia daftari la shule, mistari kachora mwenyewe: sindano, chakula, kugeuzwa, na saa pembeni.

Asubuhi ya kwanza nililala nikapitiliza. Nilimchoma baba sindano saa mbili na nusu. Nikaandika saa moja.